Mjadala: Mastaringi waondolewe kwenye Oscar ya mwigizaji msaidizi?

Wadau, tujadili hili bila kutukanana. Kabla ya 1937 Oscar iliwaweka waigizaji wote kapu moja, staringi na msaidizi wakigombea tuzo ileile. Ndipo wasaidizi wakapewa tuzo yao, tena kwa unyonge: miaka ya mwanzo mshindi alipewa kibao cha tuzo, si sanamu. Hattie McDaniel aliondoka na kibao mwaka 1940.

Mimi nasema mastaringi watolewe humo, na ushahidi wangu ni Thelma Ritter. Mama huyu wa Brooklyn, mwenye ulimi wa wembe, aliingia kwenye filamu 1947 akiwa na miaka arobaini na ushee, katika kipande ambacho hata jina lake halikuandikwa. Tangu hapo akacheza mjakazi, mama mkwe, mpeleka habari polisi. Kwa filamu za 1950 hadi 1962 aliteuliwa mara 6. Hakupata hata moja!

Mara ya mwisho alishindwa na Patty Duke, binti wa miaka 16 aliyecheza Helen Keller katika The Miracle Worker. Binti aliigiza vizuri ajabu, sibishi. Lakini hadithi yote ni ya Helen na mwalimu wake. Mtoe Helen, unabaki na filamu gani?

Mchezo huu haujaisha. Akademi, yaani chombo kinachotoa Oscar, huwaachia wapiga kura waamue nani ni msaidizi, na studio ndizo zinazopiga debe. Viola Davis alipata Tony, tuzo ya maigizo ya jukwaani Marekani, ya mhusika mkuu 2010 kwa Fences. Uhusika uleule kwenye filamu ukampa Oscar ya msaidizi 2017. Mwaka 2021 Daniel Kaluuya, mwenye wazazi wa Uganda, aliteuliwa kuwa msaidizi pamoja na LaKeith Stanfield kwa filamu moja, na Kaluuya akashinda. Sasa staringi alikuwa nani, kamera?

Mtaniletea Beatrice Straight, aliyeshinda 1977 kwa kuonekana chini ya dakika 6. Sawa, ila wa namna yake wahesabuni. Na Lupita wetu wa 2014 simgusi, yule alikuwa msaidizi halali.

Ninyi mngeweka kigezo gani? Changu cha kuanzia: aliyepata Tony ya mhusika mkuu asigombee usaidizi kwa uhusika huohuo. Anayepinga aje na hoja.