Mwalimu wa fizikia anamtoaje mtoto nje kwa kuuliza Spider-Man anapandaje ukuta?

Wakuu wa Mbeya, nina hasira na siifichi. Kuna kituo cha twisheni huku Mwanjelwa, jina naliacha. Mwanangu wa kidato cha pili kamuuliza mwalimu wa fizikia: Spider-Man anapandaje ukuta na viatu miguuni? Kajibiwa, "Hayo mambo ya kichawi, toka nje." Kasimama nje na baridi hii ya Julai mpaka kipindi kimeisha. Na ada nimelipa yote!

Hilo ni swali la fizikia tupu. Vitu kunatana mbona wanafundishwa tangu kidato cha kwanza? Mtoto likizo alikuwa Kyela kwa bibi yake, kutwa anamchunguza mjusi kafiri kwenye kioo cha dirisha. Kaniambia vidole vina mistari mistari kwa chini, na mjusi akitaka kunyanyua mguu anavibandua kuanzia nchani, anavikunja kwenda juu. Mtoto anayeona hivyo ndiye wa kufukuzwa?

Mjusi hana gundi. Nyayo zake zina vinywele vingi mno, kila kimoja kimechanika ncha mamia. Mwaka 2000 mtafiti Kellar Autumn na wenzake walipima nguvu ya kinywele kimoja tu. Kinachoshika ni mvutano wa molekuli kwa molekuli, na mvutano huo unafanya kazi vitu vikiwa vimekaribiana kabisa. Kwa hiyo mtoto yuko sahihi: soli ya kiatu inaziba kila kitu, labda vinywele vitoboe soli vitokeze nje.

Na kuna uzito. Mwili ukikua mara 10 kwa urefu, eneo la ngozi linaongezeka mara 100, uzito mara 1,000. Ndiyo maana watafiti wa Chuo Kikuu cha Cambridge mwaka 2016 walisema binadamu angehitaji asilimia 40 ya ngozi ya mwili wake iwe ya kunata, au avae kiatu namba 145 kwa vipimo vya Ulaya. Viganja peke yake havitoshi. Ingawa mwaka 2014 watu wa Chuo Kikuu cha Stanford walimpandisha mtu wa kilo 70 kwenye ukuta wa kioo, kashika vibao vilivyoigwa kwa mjusi.

Dakika kumi zingetosha kueleza haya. Kama hajui, si aseme atatafuta? Uchawi umeingiaje?

Mwanangu harudi pale. Anayemjua mwalimu wa fizikia wa Jumamosi, Soweto, Kabwe hata Uyole, anayekubali kuulizwa maswali, aniandikie hapa hapa.