Binti anahesabu hadi 100 lakini hawezi kuniletea vijiko saba. Nimlipie tuisheni?

BabaNeema_Pipeline

Habari za jioni wazazi wenzangu. Naishi Pipeline, Embakasi. Binti yangu Neema ametimiza miaka mitano na yuko PP2, mwaka wa mwisho wa chekechea. Akianza kuhesabu kwa Kiingereza anafika mia moja bila kuvuta pumzi. Wageni wakija mamake humwita ahesabu, nao humpigia makofi.

Jumapili walikuja shemeji zangu, tukawa watu saba mezani. Nikamwambia Neema alete vijiko saba. Akatia mkono kwenye kikapu cha vyombo akaja na alivyoweza kushika. Nikamwambia avihesabu. Mdomo ukatangulia, kidole kikabaki nyuma: vijiko kadhaa vikapewa nambari mbili mbili, kimoja kikarukwa, akafika kumi na mbili. Vilikuwa tisa. Nikamuuliza, "Kwa hivyo ni vingapi?" Badala ya kunijibu akaanza tena kutoka moja.

Shuleni wananiambia nimlipie tuisheni ya Jumamosi. Mamake anasema ni uvivu. Mimi naogopa kuna kitu hakiko sawa. Mwenye kujua anisaidie.

Jirani_Donholm

Mlipie tu, baba. Wangu alianza tuisheni akiwa PP1 na sasa anaongoza darasa. Siku hizi ushindani ni mkali, ukingoja wenzake watamwacha.

Mwalimu_Dandora

Baba Neema, shikamana na hizo pesa zako kwanza unisikilize. Nafundisha chekechea Dandora tangu enzi za mtaala wa zamani wa 8-4-4, na watoto wa aina ya Neema nawapokea kila Januari. Si mvivu, na kwa haya uliyoeleza sioni dalili ya ugonjwa.

Kusema moja hadi mia ni shairi ambalo ameshalishika. Kujua saba ni nini ni kazi nyingine kabisa, na ina sehemu tatu. Mtoto aseme majina kwa mpangilio: hiyo Neema anayo. Ampe kila kijiko jina moja, asikirudie wala asikiruke: hapo bado anateleza. Halafu ajue kwamba jina la mwisho alilotaja ndilo idadi ya vyote. Hii ya tatu ndiyo nzito, na wewe mwenyewe umeiona bila kujua. Ulipomuuliza "ni vingapi" akaanza upya, alikuwa anakuonyesha kwamba kwake "vingapi" maana yake ni "hesabu tena".

Mtafiti mmoja wa Marekani, Karen Wynn, aliliandika jambo hili mwaka 1990. Aliwaomba watoto wadogo wampe idadi fulani ya vitu, na wengi waliojua kuhesabu vizuri kwa mdomo walichota tu na kumpa. Mtoto huielewa moja kwanza, kisha mbili, kisha tatu, na kati ya hatua na hatua miezi hupita. Akishavuka hapo huelewa kwamba nambari zote hufanya kazi vivyo hivyo, ndipo saba na kumi zinakuja kwa pamoja. Wengi hufika hapo wakiwa na miaka minne hivi, wengine huchelewa. Kwa hiyo usilale, lakini pia usitetemeke.

Leo usiku, akiwa ameshiba na hana usingizi, weka vifuniko vya soda sakafuni. Mwambie, "Nipe kimoja." Kisha viwili. Kisha vitatu. Kisha vinne. Usimsahihishe, angalia tu anapoanza kuchota ovyo. Akikupa viwili sawasawa na kwa vitatu akabahatisha, basi kazi yenu inaanzia tatu. Ya saba itangoja.

Darasani mimi natumia mkebe mtupu. Mtoto anaokota kifuniko kimoja, anakidondosha, kinalia, anataja nambari. Hakuna kukimbia, kwa sababu mkono una kazi na mdomo lazima uusubiri. Akimaliza nafunika mkebe kwa kiganja na kuuliza, "Humu ndani mna vingapi?" Hawezi kuvihesabu upya maana havioni. Anabaki kunitazama, anatazama mkono wangu, na siku ikifika anasema kwa sauti ndogo, "Vitatu?" Namwambia amimine ajionee. Nimeona watoto wakiruka kwa furaha pale vifuniko vinapotoka vitatu kweli.

Kuhusu tuisheni, ndugu yangu wa Donholm namheshimu, lakini nyingi ninazozijua za umri huo ni kuimba nambari zilezile na kunakili kwenye daftari. Neema kuimba anajua tayari. Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 ilipiga marufuku tuisheni za likizo, na kwangu mimi Jumamosi ya mtoto wa miaka mitano ingelindwa hivyohivyo.

MamaKibanda_Umoja

Mwalimu amesema kweli tupu. Mimi nauza mboga hapa Umoja. Kijana wangu akitoka shule ananipangia nyanya, nne kwa fungu. Alipoanza kuna mafungu ya tatu na ya tano, na wateja wangu wana macho: "Mama, hili mbona dogo?" Akawa analigeukia mwenyewe na kurekebisha. Sasa nyanya mbili zikibaki ananiuliza zinakwenda wapi, na mimi namwachia aamue. Juzi alizipeleka kwenye fungu la nyanya laini akasema, "Hili liwe la sita kwa bei ileile." Yuko Gredi ya 1.

Na jambo lingine, Baba Neema. Sisi tulitumwa dukani na sarafu mkononi, tukarudi na chenji na tukaulizwa chenji iko wapi. Watoto wetu wanatuona tukibonyeza simu, M-Pesa imeingia, tumeondoka. Pesa hawazioni. Mpe sarafu ashike.

BabaNeema_Pipeline

Asanteni sana, hata moyo umetulia. Nimemjaribu usiku huohuo. Vitatu ananipa bila shida, vinne akachota. Maswali mawili kwako mwalimu. Nyumbani tunaongea Kiswahili lakini shuleni hesabu ni Kiingereza, nitumie ipi? Na kuna mchezo wowote naweza kumtengenezea? Hapa ploti hatuna uwanja, tuko ghorofa ya tano na lifti hakuna.

Mwalimu_Dandora

Vitatu bila shida, hapo yuko pazuri.

Tumia Kiswahili, lugha anayowaza nayo. Mwongozo wa mtaala wenyewe unataka watoto wafundishwe kwa lugha ya mazingira yao hadi Gredi ya 3, na kwa hapa Nairobi hiyo inaweza kuwa Kiswahili. Akishaelewa nne ni nini kwa Kiswahili, hatahitaji kuielewa upya kwa Kiingereza, atabadilisha jina tu.

Ngazi ni nzuri sana. Mguu unalazimisha nambari moja kwa hatua moja. Panda naye polepole, mkifika pale ngazi zinapogeuka simameni, muulize mmepanda ngapi, kisha muanze moja tena. Msiunganishe ghorofa zote tano, atarudi kwenye kuimba.

Mchezo utautengeneza kwa kadibodi. Chora visanduku kumi kwa mstari mmoja, andika 1 hadi 10 kutoka kushoto. Kila mmoja awe na kifuniko chake. Rusheni shilingi moja: upande wa twiga ni hatua moja, upande wa pili ni hatua mbili. Lakini kuna sharti hapa, na ndilo wazazi wengi hulipuuza. Akiwa kwenye 4 na apate hatua mbili, asiseme "moja, mbili". Aseme "tano, sita", zile nambari anazokanyaga. Mwaka 2008 Geetha Ramani na Robert Siegler huko Marekani walichapisha utafiti wa mchezo wa namna hii kwa watoto wa chekechea wa familia zenye kipato kidogo. Vikao vinne tu vya kama robo saa, na watoto waliocheza kwa nambari wakasonga mbele, huku wale ambao visanduku vyao vilikuwa na rangi badala ya nambari wakibaki pale pale.

Sarafu alizotaja Mama wa kibanda ni wazo zuri, ila kwa Neema tumia za shilingi moja peke yake kwa sasa. Ile ya ndovu ni sarafu moja lakini ni ishirini, na kwa mtoto ambaye bado anatafuta nne hilo linamvuruga. Ya kifaru (tano) na ya simba (kumi) zitakuja akiwa Gredi ya 1.

Mama Neema mwambie kwa upole lile neno la uvivu aliache, mtoto analisikia. Na wageni wakija, badala ya kumwita ahesabu, mpeni awagawie mandazi, mawili mawili.

Kama mkicheza hivi muhula mzima na bado hapiti tatu, au ukiona hasikii vizuri ukimwita kutoka chumba kingine, mpeleke akapimwe masikio na macho, kisha uliza kituo cha EARC kilicho karibu nawe. Hao ni wa serikali na kazi yao ni kupima watoto wenye shida ya kujifunza. Ukitaka picha ya kadibodi niambie, kesho nikitoka darasani nitaiweka hapa.