Ulinganisho: Afrika Kusini au Uingereza kwa historia ya sheria za ndoa za jinsia moja?

Njiapanda
Wadau, habari za saa hizi. Nina semina kuhusu historia ya sheria za ndoa za jinsia moja. Nimebakiza Afrika Kusini na Uingereza. Nichukue ipi? Jina la mada linatakiwa Ijumaa.

Kalamu Nyekundu
Mleta mada, hujasema kitu. Kurasa ngapi? Mwalimu anataka Bunge au mahakama? Na Uingereza ipi: England na Wales, Scotland, au Ireland ya Kaskazini? Hizo ni sheria tatu zenye tarehe tatu.

Hansard
Uingereza, tena England na Wales. Kila hatua ina kura na tarehe. Sheria ya ubia wa kiraia ya 2004 ilianza kazi Desemba 5, 2005: haki karibu zote za ndoa, jina hapana. Muswada wa ndoa ukasomwa mara ya pili Februari 5, 2013, kura 400 kwa 175, ukawa sheria Julai 17, na ndoa za kwanza zikafungwa Machi 29, 2014. Mteremko.

Kifungu cha 9
Mteremko usio na nyama. Nenda kwenye hukumu ya Fourie, ya Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini, Desemba 1, 2005. Kilichobishaniwa ni maneno machache ya kifungu cha 30(1) cha Sheria ya Ndoa ya 1961, pale mfungishaji anapouliza kama unamkubali huyu kuwa mke (au mume) wako halali. Jaji Albie Sachs akalipa Bunge miezi 12, akaacha na mtego: muda ukiisha kimya, maneno "au mwenzi" yanaingia yenyewe baada ya "mume". Jaji O'Regan alitaka yaingie siku ileile. Muswada ulianza kwa kuwapa ubia tu, kamati ikaurekebisha hadi neno ndoa likaingia. Novemba 14, 2006 ukapita kwa kura 230 kwa 41. Phumzile Mlambo-Ngcuka akasaini akiwa anakaimu urais, sheria ikaanza Novemba 30. Muda ulikuwa umebaki kiduchu.

Bi Rejista
Wote wawili mnampotosha kijana, maana mnasimama siku sheria inaposainiwa. Insha za mada hii huharibikia hapohapo. Sheria hiyo ya Afrika Kusini, namba 17 ya 2006, ilikuwa na kifungu cha 6: mfungishaji ndoa asiye wa dini akimwandikia Waziri kwamba dhamiri yake inakataa kufungisha watu wa jinsia moja, halazimishwi. Kwenye karatasi ni barua moja tu. Njoo dirishani enzi hizo: ofisi ina mfungishaji mmoja, naye ameshaandika barua. Sheria ipo, huduma hakuna, na wahusika waende wilaya nyingine. Kifungu hicho kilifutwa na sheria namba 8 ya 2020, muswada binafsi wa Deidre Carter wa chama cha COPE, uliosainiwa na Ramaphosa Oktoba. Hata hivyo waliokwisha kupata msamaha waliachiwa hadi miezi 24. Na usichanganye na kifungu cha 5 cha madhehebu ya dini, kile hakikuguswa.

Hansard naye "haki karibu zote" kaipita mbio. Hiyo "karibu" ni pensheni. Sheria iliruhusu mifuko isihesabu utumishi wa kabla ya Desemba 5, 2005 katika kumlipa mwenzi aliyebaki, mpaka Mahakama ya Juu ya Uingereza ilipokataa Julai 2017, kesi ya Walker dhidi ya Innospec.

Njiapanda
Nashukuru sana. Kurasa ni 15. Halafu mwalimu alisema lazima nchi mbili, na Afrika ihusike.

Kalamu Nyekundu
Hayo ndiyo ya kuanza nayo, mkuu!

Mzee wa Ziwa
Basi achana na Ulaya. Mwaka uleule wa Fourie, 2005, Uganda iliongeza ibara ya 31(2a) na Burundi ikaweka katazo lake ibara ya 29. Kongo ya Kinshasa ikafuata 2006, ibara ya 40. Kenya 2010, ibara ya 45(2). Huko mlango unafunguliwa, huku unakomelewa.

Kifungu cha 9
Mzee, usizifunge fungu moja. Uganda imeandika marufuku waziwazi. Kenya inampa kila mtu mzima haki ya kuoana na mtu wa jinsia tofauti, neno marufuku halimo. Kongo inasema mtu anayemchagua, kisha inaongeza "wa jinsia tofauti". Tanzania hata katibani haimo, iko kwenye tafsiri ya ndoa, kifungu cha 9 cha Sheria ya Ndoa ya 1971. Kwa mawakili hizo ni kesi tofauti kabisa.

Hansard
Na mnasema "ubia" kila mstari. Ubia ni wa biashara.

Bi Rejista
Ulianza nao wewe. Afrika Kusini kuna maneno mawili: muungano wa kiraia ndio mwavuli, na chini ya kifungu cha 11 mfungishaji lazima awaulize wahusika kama wao wauite ndoa au ubia. Ukitumia neno moja kwa yote mawili, mwalimu atakuzungushia wino.

Mzee wa Ziwa
Si mseme ushirika.

Hansard
Ushirika wa kahawa?

Njiapanda
Kwa hiyo wakuu, Afrika Kusini na Uganda, au Afrika Kusini na Kenya?

Kalamu Nyekundu
Bunge au mahakama? Nimeuliza tangu asubuhi.