Kindi mkia-magamba: utando wake unashikiliwa na nini, na tupimeje mteremko wake hewani?

Msambaa_wa_Juu

Habari zenu wakuu. Naandaa maelezo ya waongoza wageni wa matembezi ya usiku kwenye misitu ya Usambara Mashariki. Nimekwama kwenye ukurasa wa kindi mkia-magamba (Anomalurus derbianus). Vipeperushi vingi vinamweka fungu moja na kindi warukao wa Asia, vinasema "anaruka mita 100 ili kuokoa nguvu", kisha basi.

Naomba msaada kwa mambo matatu. Utando wake umeshikiliwa na nini hasa, na unatofautianaje na wa wenzake? Waongoza wageni wakimwona akivuka kutoka mti hadi mti, wanaweza kupima nini kitakachokuwa na maana? Na hiyo habari ya kuokoa nguvu ina ukweli kiasi gani? Nisingependa kuwafundisha vijana kitu kitakachokuja kukanushwa na mgeni anayejua.

Gegedu

Mkuu, hapo kwenye kumweka fungu moja na kindi wa Asia ndipo pa kuanzia kurekebisha. Kindi mkia-magamba ni mgugunaji, lakini si kindi wa kweli. Nje ya kundi lake dogo, ndugu yake wa karibu aliye hai ni kamendegere, yule mrukaji wa mbugani anayechimba mashimo. Kuteleza hewani kumezuka mara mbili tofauti kati ya wagugunaji walio hai leo: mara moja kwa kindi warukao, wengi wao wakiwa Asia, na mara nyingine kwa hawa wa Afrika.

Ushahidi uko kwenye mkono. Utando wa ngozi unahitaji kitu cha kuutanua upande wa nje, la sivyo unakuwa mwembamba na hauwezi kubeba uzito. Kindi warukao wana ujiti wa gegedu unaochomoza kwenye kifundo cha mkono, karibu na kiganja. Kindi mkia-magamba naye ana ujiti wa namna hiyo, ila unatokea kwenye kiwiko. Kwa hiyo ukimtazama kwa chini akiwa hewani, kona ya mbele ya utando inatanuliwa na ujiti huo, na kiganja kiko mbele kikiwa huru. Ukiwa na picha nzuri iliyopigwa kutoka chini, kona hiyo inatosha kukuambia unamtazama nani.

Kolugo, mnyama mwingine anayeteleza hewani, wa Asia ya Kusini-Mashariki, hana ujiti wowote. Yeye utando unaanzia shingoni, unafika hadi ncha za vidole vya mikono na miguu, na hata mkia umo ndani ya utando mpaka nchani. Hakuna mnyama mwingine anayeteleza hewani mwenye utando mpana kiasi hicho. Naye si mgugunaji. Kinasaba yuko karibu na nyani na binadamu kuliko panya. Wanyama wanaoteleza wenye mbeleko (mfuko wa kubebea mtoto) wa Australia na Papua wana mitindo yao: wapo ambao utando unaishia kidoleni, na wapo ambao unaishia kiwikoni.

Kuhusu magamba. Geuza mkia (wa kielelezo cha makumbusho, si wa mnyama hai). Utayaona upande wa chini, karibu na shina la mkia: safu mbili za magamba magumu yaliyochongoka, ncha zikielekea nyuma. Sehemu iliyobaki ya mkia ni manyoya. Akitua kwenye shina, anakita kucha za miguu minne na kuegemeza mkia. Magamba yanang'ang'ania gome asiserereke chini. Yanamsaidia vilevile akipanda, na akiwa ametulia amejibandika shinani. Ndugu yake wa Afrika ya Kati aitwaye Zenkerella ana magamba kama hayo ingawa hana utando kabisa. Kwa maoni yangu hiyo inaonyesha magamba yalikuwa zana ya kukwea kabla hayajawa zana ya kutulia.

Pembetatu

Nachukua swali la vipimo, maana ndiko watu wanakoharibu.

Kitu chenye maana ni uwiano: umbali wa mlalo gawanya kwa kimo kilichopotea. "Mita 100" peke yake haisemi kitu, kwa sababu mnyama aliyeanzia juu sana anaweza kufika mbali hata kama anateleza vibaya. Mfano: ameondoka kimo cha mita 24, ametua kimo cha mita 4, miti imeachana mita 40 na ardhi ni tambarare. Amepoteza mita 20, uwiano ni 2, sawa na mteremko wa wastani wa nyuzi kama 27. Wanyama wengi wa aina hii waliopimwa wanaangukia jirani na 2, kwa hiyo mkipata 5 rudini mkaangalie hesabu.

Sasa Usambara si tambarare. Tuseme shina la mti wa pili liko mita 12 chini ya shina la kwanza. Kimo kilichopotea si 20 tena, ni 32, na uwiano unashuka hadi 1.25, yaani nyuzi 39. Ukisahau mteremko wa ardhi umempa mnyama sifa isiyo yake. Kosa la pili ni kupima kwa utepe uliolazwa juu ya mteremko na kuuita umbali wa mlalo. Mita 40 kwenye mteremko wa nyuzi 35 ni mita 33 tu za mlalo: zidisha kwa kosaini ya pembe.

Kimo cha mtini kipimwe kwa klinomita (kifaa cha kupimia pembe), au programu ya simu inayoonyesha pembe. Simama mbali na mti, ikiwezekana umbali unaolingana na kimo chenyewe. Pima pembe ya kwenda juu hadi alipokuwa mnyama, na ya kwenda chini hadi kwenye shina. Tanjenti zake zijumlishe, uzidishe kwa umbali wa mlalo. Kama shina liko juu ya usawa wa macho yako, toa badala ya kujumlisha. Ukisimama mita 10 tu kutoka kwenye mti na kutazama juu kwa nyuzi 70, kukosea nyuzi 1 kunakupotezea zaidi ya mita moja na nusu. Ukirudi nyuma hadi mita 30, kosa lilelile ni kama mita 1.

Usiku usijaribu kupima hapohapo. Mmoja amulike alipotua, mwingine abaki amekazia macho tawi aliloondokea, mfunge utepe wa rangi kwenye mashina yote mawili na mwandike maelezo ya tawi. Vipimo vifanyike asubuhi. Na andikeni kila mvuko mnaouona, hata ule mfupi wa mita 8. Watu hukumbuka mirefu tu, ndiyo maana vipeperushi vimejaa "mita 100".

Mchapuko

Niongeze kwa nini mivuko mifupi ina uwiano mbaya, kwa sababu ndipo jibu la swali la nguvu linapoanzia. Mnyama akijirusha kutoka tawini bado hana kasi ya kutosha. Mita za kwanza anaanguka tu, karibu kama jiwe lililotupwa mbele, mpaka hewa inayopita kwenye utando iwe na kasi ya kumnyanyua. Ndipo njia yake inapolala. Mvuko ukiwa mfupi, sehemu kubwa ni ile ya kuanguka. Mwishoni anafanya kinyume: anainua kifua, mwili unakaribia kusimama wima, utando unageuka breki, na miguu yote minne inatangulia kwenye shina. Waambie vijana waangalie hapo hasa. Njia yake inajikunja kwenda juu kidogo kabla hajagusa.

Kolugo wa Singapore walibandikwa mgongoni vifaa vidogo vinavyorekodi mchapuko (mabadiliko ya kasi). Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2008 yalionyesha kwamba mivuko mirefu ilikuwa na kishindo kidogo cha kutua kuliko mifupi. Aliye na nafasi anapata muda wa kufunga breki na kujipanga.

Mwaka 2011 vipimo vya namna hiyo vilitumika kuhesabu nguvu. Kabla ya kuteleza lazima apande, na kupanda ni gharama. Mnyama wa kilo 1 akipanda mita 20 anafanya kazi ya juli 200 hivi, na kwa kuwa misuli inageuza robo tu ya nishati ya chakula kuwa kazi, gharama halisi inakaribia juli 800. Hesabu ya kolugo ilionyesha kwamba kupanda na kuteleza kuligharimu takriban mara moja na nusu ya kutembea umbali uleule matawini. Anachookoa ni muda. Kwa yule anayekula majani yenye lishe ndogo, kwenye miti iliyotawanyika, na ambaye hatakiwi kuonekana na bundi akirandaranda, muda huo una thamani.

Kwa hiyo kwenye karatasi yako andika "anaokoa muda na kuepuka kushuka ardhini". "Kuokoa nguvu" ifute. Vipimo hivyo ni vya kolugo, kwa hiyo usiandike namba ile ya moja na nusu kana kwamba ni ya kindi mkia-magamba. Lakini gharama ya kupanda ni fizikia tu, inamhusu kila mnyama.

Msambaa_wa_Juu

Nashukuru sana wote, hasa hapo pa mteremko wa ardhi. Swali la nyongeza: kati ya vipande vya misitu yetu kuna mashamba ya chai. Mnyama huyu anaweza kuyavuka? Na mgeni akiuliza kwa nini Amerika Kusini hawapo, nimjibuje?

Mikwea

La Amerika Kusini nitalijibu mimi. Mwaka 1983 watafiti Louise Emmons na Alwyn Gentry walitoa hoja kwamba umbo la msitu ndilo linaloamua. Misitu ya Asia ya Kusini-Mashariki ina mikwea (mimea inayotambaa mitini) michache ya kuunganisha mti na mti, kwa hiyo kuteleza kunalipa. Afrika ina mikwea mingi, mnyama anatembea juu yake kama darajani. Amerika ya kitropiki imejaa wanyama wenye mkia wa kushikia matawi, na Amerika Kusini haina mamalia hata mmoja anayeteleza. Wengine wakapinga kwamba kilicho muhimu zaidi ni urefu wa miti. Huko Sabah, Borneo, mti mmoja wa Shorea uliopimwa ulifika mita 100. Mimi naona hoja ya mikwea ni nzuri lakini haimalizi kazi, kwa sababu Afrika yenye mikwea mingi ina jamii nzima ya hawa wanyama, kuanzia huyu wenu hadi Idiurus wa Kongo mwenye ukubwa wa panya mdogo, anayelala kwa makundi ndani ya miti yenye mapango. Mwambie mgeni kwamba wataalamu bado wanabishana, na umpe hoja zote mbili.

Pembetatu

La chai ni hesabu. Pengo la mita 60, ardhi tambarare, uwiano wa 2: anapoteza mita 30, na lazima atue angalau mita 3 juu ya ardhi. Anahitaji kuondokea mita 33. Uwiano ukiwa 1.5, ambao ni wa kawaida kwa mnyama asiyejipanga vizuri, anahitaji mita 43. Miti ya ukingoni mwa shamba mara nyingi haifiki huko, kwa kuwa upepo umeshaivunja vilele. Akikosea atatua kwenye chai, na ardhini ni mzito. Utando unamkwaza, na mbwa au kanu anamkamata.

Sasa weka mti mmoja mrefu katikati ya pengo. Mita 60 zinakuwa mbili za 30: kwa uwiano wa 1.5 anapoteza mita 20 kila mara, na anapanda tena katikati. Miti ya mita 25 inatosha. Kwa hiyo miti ya asili iliyoachwa ndani ya shamba si pambo.

Gegedu

Na miti iliyooza katikati nayo ihesabiwe. Mchana analala kwenye pango la mti, na mti wa namna hiyo ndio wa kwanza kukatwa kwa sababu unaitwa mbovu. Mkitaka kumpata, tafuteni mchana mti wenye tundu juu pamoja na miti ya jirani yenye makovu ya gome lililotafunwa juu shinani, kisha kaeni mbali kidogo kabla giza halijaingia. Taa iwe nyekundu na hafifu. Msimmulike usoni anapojiandaa kujirusha, kwani hupima umbali kwa macho, na mwanga mkali wakati huo unaweza kumfanya akose shina.