Naomba ushauri: mwongozaji anataka muziki mwanzo mwisho

Wakuu, habari za humu. Nipo Kigoma, natunga muziki wa filamu fupi ya mke wa mvuvi wa dagaa pale Kibirizi. Mume katoka usiku wa giza, alfajiri mitumbwi inarudi, wa kwake haumo. Mama huyu nimempa melodi yake ya zeze. Kila ikirudi inakuwa ya polepole zaidi, noti zinapungua. Sasa pale anapohesabu taa zinazokaribia ufukweni, mimi nataka kimya, zisikike injini na mawimbi tu. Mwongozaji anang'ang'ania kinanda cha huzuni, eti watazamaji walie. Si kitawaambia mume kafa kabla mke hajajua? Mliofanya kazi hii, bosi wa namna hii mnamshawishije bila kugombana? Malipo bado anayo yeye.