Naomba ushauri: kuwatembeza wageni Birr, Ayalandi

Wakuu, habari zenu. Naishi Birr, mji mdogo wa kaunti ya Offaly, katikati ya Ayalandi. Agosti dada yangu anakuja na wanawe. Kwenye bustani ya kasri kuna ile darubini ya miaka ya 1840, iliyokuwa kubwa kuliko zote duniani hadi 1917. Kioo chake kilikuwa na upana wa mita 1.8, na bomba la mbao limening'inia kati ya kuta mbili nene za mawe. Hapo watoto watafurahi. Shida ni Clonmacnoise, magofu ya monasteri ya karne ya 6 kando ya mto Shannon. Sina gari, na mabasi ya vijijini huku, mh! Mliowahi kwenda na watoto wadogo, nikodi teksi au tubaki Birr? Mvua ikinyesha je?