Mrejesho: kupandisha trei ya kebo juu ya boriti
Wakuu, niliuliza jinsi ya kuvusha trei ya kebo (njia ya bati inayobeba nyaya za umeme) ya upana wa milimita 300 juu ya boriti ya zege bila kununua kona za kiwandani. Ahsanteni sana. Nilimfuata aliyeshauri nyuzi 45: kimo cha kupanda cha milimita 200 mara 1.414 (kizidishi cha nyuzi 45), nikapata milimita 283 kati ya mkunjo na mkunjo. Imekaa sawasawa kabisa! Ila hicho ni kipande cha pili; cha kwanza kiliharibika. Mikato ya V kwenye kuta mbili za trei haikulingana, trei ikapinda upande. Cha pili nilichora kwa guni (kipimo cha pembe mraba) kwanza. Kingo nimezipiga tupa na rangi ya zinki, waya wa ethi (wa kupeleka umeme ardhini) nimeunga. Kona ya mlalo (ya kugeuka kushoto au kulia) imenishinda: kebo yenye gamba la chuma haikubali kukunjwa ghafla nyuzi 90. Hiyo nitanunua.